Kwa nini hadithi za K. A. Abbas zilitikisa dunia mikononi mwa Raj Kapoor, ila akiziongoza mwenyewe zinadoda?

#1 MjukuuWaKarani

Wakuu salaam. Kuna swali limenikaa kichwani tangu tumzike babu mwaka jana, naona humu ndo kuna watu wa kunisaidia.

Babu alikua karani wa mahakama Tanga. Picha yake ilikua Awara, ile filamu ya Kihindi aliyoiongoza na kuicheza Raj Kapoor, na hakua anasimulia nyimbo wala uzuri wa stelingi wa kike Nargis kama wazee wengine, yeye alikua anasimulia jaji tu. Jaji Raghunath anaamini mtoto wa mwizi lazima awe mwizi, anamfunga Jagga kwa sababu baba yake Jagga alikua jambazi, Jagga anatoka jela ameapa kwamba damu ya jaji mwenyewe itaiba, na kweli anamlea mtoto wa jaji kwenye wizi mpaka kijana anasimama kizimbani kwa kosa la kutaka kumuua baba yake. Babu akifika hapo alikua anapiga meza kwa kiganja vikombe vinaruka. Maana yeye kila siku kazini alikua anaandika majina ya watoto wa miaka kumi, kumi na mbili, wameletwa kwa kuiba mahindi, na kuna watu pembeni wanasema hao ukoo wao ndo zao.

Sasa juzi nikasema hebu nimjue alieandika hii kitu. Nikakuta ni Khwaja Ahmad Abbas, mzaliwa wa Panipat 1914, mwandishi wa habari wa Bombay Chronicle, skripti yake ya kwanza Naya Sansar ilitoka 1941. Kaandika Awara (1951), Shree 420 (1955), kaja kuandika mpaka Bobby (1973). Zote hizo dunia nzima inazijua. Lakini pia alikua dairekta, ana kampuni yake ameiita Naya Sansar hivohivo, katoa picha karibu kila baada ya mwaka mmoja miwili, na nyingi hazikurudisha hata hela ya mkanda.

Mtu huyohuyo, kalamu hiyohiyo. Akimpa Raj Kapoor watu wanavunja milango, akishika mwenyewe ukumbi mtupu. Kwa nini? Nataka sababu, sio kuambiwa bahati.

#2 kandambili

Mkuu jibu ni dogo tu. Mwandishi anatoa karatasi, picha anaitengeneza dairekta na stelingi. Awara ni ya Raj Kapoor, yeye ndo alibuni yule mtu wa kofia na suruali fupi, huyo Abbas alikua anaandika anachoambiwa. Mpe karatasi hiyohiyo mtu mwingine uone.

#3 Bi Mkubwa wa Vuga

Assalaam alaykum. Poleni kwa msiba mwanangu.

Miye nakwambia ni nyimbo. Mama yangu aliiona Awara senema ya Majestic, onyesho la wanawake watupu jumapili mchana, akarudi nyumbani hajui Kihindi hata neno moja lakini ile awara hun anaiimba yote anapotwanga. Sisi tumezaliwa tumeikuta ndani ya nyumba ile nyimbo kama kinu na mchi. Watu hawendi senema kusikiliza mahubiri, watu wanakwenda kuwasikiliza waimbaji, Mukesh na Lata. Huyo bwana alipokuwa peke yake nyimbo alizitia? Ndo uliza hapo.

#4 msomi_wa_sinema

#2 samahani hapana, hiyo si kweli kabisa.

Hadithi ya Awara ilikuwepo kabla Raj Kapoor hajaiona. Abbas aliiandika na mwenzake V. P. Sathe, na wa kwanza kuitaka alikuwa dairekta Mehboob Khan. Abbas akasema sharti lake moja, jaji na kijana waigizwe na baba na mwana wa kweli, yaani Prithviraj Kapoor na mwanawe Raj, kwa sababu hadithi nzima ni ya damu na malezi, mtazamaji akiona nyuso zinafanana anapata kitu ambacho hakuna maneno yanaweza kukisema. Mehboob alimtaka muigizaji Dilip Kumar. Abbas akachukua hadithi yake akaondoka nayo. Raj Kapoor aliposikia akaifuata. Wakati huo ana miaka 20 na kitu tu.

Kwa hiyo mtu alieamua nani aigize ni mwandishi. Na babu yake Raj, mzee Basheshwarnath, nae yumo ndani kama jaji anaesikiliza kesi. Vizazi vitatu vya ukoo mmoja mbele ya kamera kwenye picha inayobisha kwamba ukoo haumfanyi mtu. Sijawahi kuona upangaji wa waigizaji wenye akili kama huo.

#3 Bi Mkubwa, ulivyouliza ndivyo. Mwaka 1954 Abbas alitoa Munna, haina wimbo hata mmoja. Bombay, 1954, picha bila wimbo.

#5 Bi Mkubwa wa Vuga

Si nimesema! Biriani bila masala hiyo.

#6 kandambili

Sawa #4 hapo umenifunga, kwenye Awara nakubali. Ila bado nakaza, mwandishi mzuri haendi kudoda kila mara. Na mbona Mother India nayo aliandika yeye na haikua ya Raj Kapoor na ilienda mpaka Oscar? Na ile iliyoshinda tamasha la Cannes 1946 si aliongoza yeye?

#7 Chap_Upanga

Kandambili leo unateleza sana ndugu yangu.

Mother India (1957) ni ya Mehboob Khan, maneno waliandika Wajahat Mirza na S. Ali Raza. Abbas hayumo. Na ile ya Cannes ni Neecha Nagar, alieongoza ni Chetan Anand, Abbas alishiriki kwenye uandishi tu. Mwaka huohuo 1946 aliongoza ya kwake ya kwanza, Dharti Ke Lal, kuhusu njaa ya Bengal ya 1943, wakulima wanaacha mashamba wanatembea kwenda Calcutta wakidhani mjini kuna chakula. Waliitengeneza na chama cha wasanii wa jukwaa cha IPTA.

Nyumbani kwetu nani alikuwa anamjua Abbas? Hakuna aliemtaja. Babu yangu alikuwa na duka la vitambaa mtaa wa Indira Gandhi, ukutani kuna picha ya Nargis na Raj chini ya mwavuli. Mvua inanyesha, mwavuli mmoja, watu wawili. Hiyo ni Shree 420. Mwandishi hayupo kwenye picha ya ukutani, na nadhani jibu la swali lako lianzie hapo.

#8 Otis_Eastlands

Niaje wasee. Mimi nitaongea kama mtu wa kazi, naandikanga vipindi vya TV hapa Nairobi. Hii kitu mnaita siri sio siri. Mwandishi akiwa na dairekta mwingine kuna mtu wa kumwambia hapana. Unaandika sini ya dakika nane watu wanajadili umaskini, dairekta anasoma anasema ndugu hii nitaifanya kwa dakika moja, mtoto anaiba chapati, basi. Ukiwa dairekta wewe mwenyewe nani atakukata? Nimeona mwenyewe, kipindi kimoja nilipewa niandike na niongoze, kila neno langu likabaki. Mama yangu alilala kwa episodi ya kwanza.

Abbas alikua mtu wa gazeti. Ile safu yake ya ukurasa wa mwisho aliandika kila wiki, ikaanza Bombay Chronicle ikahamia gazeti la Blitz, na aliiandika mpaka akafa 1987. Mtu wa safu anazoea kueleza. Kapoor hakutaka kueleza, alitaka uone.

#9 MjukuuWaKarani

Asanteni, mnanisaidia kweli.

Otis hiyo ya chapati ndo sini babu alikua anairudia. Mtoto Raj mama anaumwa, anaiba chapati, anakamatwa, anapelekwa jela ya watoto. Ndani anapewa chapati ya wafungwa, anaiangalia anasema wewe ungepatikana kule nje mimi ningekuja huku ndani kufanya nini. Babu alikua anaisema kwa sauti ya chini kabisa na anashika mkono kama ameshika kitu. Sasa niulize, hiyo sini ni ya mwandishi au ya dairekta? Maneno ni ya Abbas lakini jicho la yule mtoto je (na yule mtoto ni Shashi Kapoor mdogo wake Raj jamani, nimejua juzi tu).

#10 Fundi Rili

Habari zenu. Mimi mzee kidogo humu, 68. Nilikua nabeba rili, ile mikanda ya picha, kwa baiskeli Dar nikiwa kijana mdogo, mwanzoni mwa miaka ya sabini. Ngoja niwape ya upande wa mlango wa nyuma maana naona wote mmekaa kwenye viti vya mbele.

Picha ilikua inakuja kopi moja, wafanyabiashara wawili wameilipia, senema mbili zinaonyesha usiku mmoja. Ya kwanza inaanza saa mbili, ya pili inaanza saa mbili na nusu. Rili ya kwanza ikiisha pale unaifunga kwenye karia na mpira wa tairi, unakimbia nayo, bado ya moto, unaisikia mgongoni. Ukipata pancha watu mia saba wanakutukania mama. Unarudi kuchukua ya pili. Ndo kazi.

Sasa mwenye senema anaagiza nini? Anaagiza picha ambayo nyimbo zake zimeshafika kabla yake. Redio imeshaimba, vijana wameshashona suruali. Jina la stelingi liko kwenye bango kubwa kama mlango. Picha ya huyo Abbas aliyoongoza mwenyewe haina stelingi, haina nyimbo, nani ataweka hela yake? Haikudoda kwetu kwa sababu haikuletwa. Huwezi kusema chakula kibaya wakati hakijafika mezani. Miaka yote niliyobeba sikumbuki kubeba hata moja.

Awara ilikua inarudishwa kila baada ya muda, kopi imechoka, inakatika, mafundi wanaunga na gundi, kuna maneno yanaruka. Watu wanayasema wenyewe pale ilipokatika.

#11 Dada wa Kisauni

Fundi hapo umenikumbusha Mombasa, Regal na Naaz, marehemu baba alikuwa atupeleka idi.

Lakini mimi mwaniacha nyuma, mwaongea Awara tu. Shree 420 mumeitupa wapi? Nawaambia ile ndiyo yake hasa. Kijana ametoka Allahabad na digrii yake na nishani ya uaminifu, afika Bombay njaa yamuuma, kitu cha kwanza kuweka rehani ni ile nishani ya uaminifu. Hebu fikirieni mtu aliekaa akaandika hivyo. Kisha aingia kwa matajiri, waanzisha mradi wa nyumba za maskini, nyumba moja rupia mia. Watu walala barabarani wafungua vitambaa vyao watoa sarafu moja moja.

Mimi nililia si kwa ajili ya Nargis. Miaka sita nyuma nilitoa akiba yangu, na ya mamangu, kununua kiwanja. Kampuni siitaji. Walikuwa na ofisi nzuri, kiyoyozi, msichana atupa soda baridi, ramani ukutani ina rangi ya kijani na barabara na msikiti na shule. Twenda kuangalia baada ya mwaka, ni mikoko. Maji yajaa na kupwa. Mamangu akauliza sasa hapa pa kwetu ni pale kwenye mti au huku. Hajui kama twadhulumiwa, auliza mpaka uko wapi.

Sasa yule bwana wa gazeti 1955 alijuaje ile soda baridi? Kwa sababu alikuwa mwandishi wa habari, alikuwa ayaona. Hiyo ndiyo nguvu yake, si Raj Kapoor.

#12 kandambili

Pole sana dada. Hiyo ya mama imeniuma.

#13 Wakili_Kijana

Pole Dada wa Kisauni, na kama una risiti niandikie pembeni.

Kwa wasiojua, 420 kilikuwa kifungu cha ile kanuni ya adhabu ya zamani ya India (imebadilishwa 2024) kilichohusu utapeli, kudanganya mtu mpaka atoe mali yake. Na hiyo kanuni ya India Waingereza waliitumia mpaka huku kwetu, bara na Zanzibar, kabla hatujapata kanuni zetu miaka ya 1930. Kwa hiyo mzee wa 1955 Mombasa au Dar akisikia bwana 420 hahitaji tafsiri.

Wanasheria tunamjua Abbas kwa jambo jingine kabisa. Kuna kesi, K. A. Abbas dhidi ya Serikali ya India, ya 1970, inafundishwa mpaka leo. Alitengeneza filamu fupi ya kweli kuhusu miji minne, Calcutta, Bombay, Madras na Delhi, anaweka maghorofa upande huu na watu wanaoyajenga upande ule. Bodi ya ukaguzi ikampa cheti cha watu wazima tu kwa sababu ya sehemu inayoonyesha mtaa wa madanguro Bombay. Akagoma, akaenda Mahakama ya Juu kudai kwamba kukagua filamu kabla haijaonyeshwa ni kuvunja uhuru wa kusema. Alishindwa kwenye hoja kubwa, mahakama ikasema ukaguzi ni halali, ila ikataka kuwe na vigezo vinavyoeleweka.

Mtu anaepeleka serikali mahakamani kwa ajili ya filamu fupi isiyo na stelingi hafikirii tiketi. Nadhani swali la mleta mada limekaa upande. Yeye hakuwa anashindwa kuuza, hakuwa anauza.

#14 Otis_Eastlands

Wakili hapana, hiyo ni rahisi sana. Mtu akidoda tunasema hakutaka pesa. Alikua na wafanyakazi wa kulipa kama sisi wote.

#15 msomi_wa_sinema

Naungana na Otis hapo. Na ile nadharia ya nyimbo na mastaa nayo haisimami yenyewe, angalieni:

Anhonee, 1952, Abbas mwandishi na dairekta, stelingi ni Raj Kapoor na Nargis haohao! Nargis anaigiza ndugu wawili, mmoja kalelewa nyumba ya heshima mwingine kalelewa na mcheza ngoma wa madanguro. Ni swali lilelile la Awara, damu au malezi, mwaka mmoja tu baadae. Wangapi humu mmeisikia? Tena Char Dil Char Rahen ya 1959, ndani yupo Raj Kapoor, Shammi Kapoor, Meena Kumari na Nimmi. Mastaa wanne na nyimbo zipo. Ikadoda vibaya.

Na upande wa pili, Mera Naam Joker ya 1970. Kaandika Abbas, kaongoza Raj Kapoor, nyimbo za Shankar na Jaikishan, miaka sita kuitengeneza, zaidi ya masaa manne, mapumziko mara mbili. Ilimfilisi Kapoor karibu auze kila kitu. Miaka mitatu baadae Abbas huyohuyo akamuandikia Bobby, watoto wawili wanapendana mmoja tajiri mmoja binti wa mvuvi, na ndo iliyomuokoa.

Kwa hiyo ukisema Kapoor ndo dawa, Joker inakukatalia. Ukisema mastaa, Char Dil inakukatalia. Ukisema nyimbo, vilevile. Mimi nasema tuangalie jina ambalo hakuna alielirudia tangu nilipoliandika kule #4. V. P. Sathe. Awara aliandika na Sathe. Shree 420 yumo Sathe. Joko la jikoni lilikuwa la watu wawili na tunamuuliza mpishi mmoja.

#16 Bi Mkubwa wa Vuga

Bobby! Wacha wee. Ile blauzi ya muigizaji Dimple yenye madoa, mafundi wote wa Mkunazini walishona. Miye yangu nilishonewa na marehemu dada, ya bluu na nyeupe, nikakatazwa kutoka nayo nje.

Kumbe na ile kaandika yeye. Mtu wa njaa ya Bengal kaandika mapenzi ya Bobby?

#17 Chap_Upanga

Huyohuyo Bi Mkubwa. Na akiwa na miaka karibu sitini.

Ila msomi kuhusu Sathe nakubali nusu. Mtu akisoma Anhonee na Awara pamoja anaona swali moja. Mimi naona tofauti ni hela na muda. Ile sini ya ndoto ndani ya Awara, mawingu, ngazi, masanamu makubwa, moshi, Raj anatoka motoni anapanda juu kwa Nargis, ina kama dakika tisa na walichukua miezi mitatu kuipiga. Miezi mitatu! Abbas kwa miezi mitatu anamaliza picha nzima anaanza nyingine. Mwenzie anasubiri taa ikae sawa, yeye anawahi gazeti jumatano.

#18 Mpwani wa Muscat

Masalkheri. Nasoma tangu jana nimeshindwa kunyamaza.

Nyote mnasema zimedoda na hakuna alieona hata moja. Miye nimeiona moja, Shehar Aur Sapna, ya 1963. Mwenzangu wa kazini kwao Bombay, alikuwanayo, tukaitazama chumbani kwake watu watano kwenye kompyuta ya mapajani. Kijana kaja mjini kutafuta kazi, kakutana na msichana, hawana pa kulala, wanakwenda kuishi ndani ya bomba la maji machafu, yale makubwa ya saruji yaliyolazwa kando ya njia yanasubiri kufukiwa. Mke anatundika kitambaa mdomoni mwa bomba. Ndo mlango huo. Anakirekebisha kisikae upande.

Tulipofika pale wale wenzangu wote wanne, wa India na Bangladesh, walinyamaza. Sisi huku wengine tunalala wanane chumba kimoja, na kila mtu na kishuka chake kakining'iniza kwenye kitanda kwa kamba. Mmoja alinyanyuka akenda kufunga mlango wa chumba ingawa ulikuwa umeshafungwa.

Na ile picha ilipewa tuzo ya taifa ya India, picha bora ya mwaka. Haikudoda hiyo. Yategemea nani kakaa kwenye kiti.

#19 kandambili

Mpwani umenigeuza. Nilikuja hapa kumtetea Raj Kapoor naondoka natafuta bomba.

Ila jambo moja, si ndo huyu aliemtoa Amitabh Bachchan? Au nateleza tena Chap?

#20 Chap_Upanga

Leo hujateleza. Saat Hindustani, 1969, wapiganaji saba wa kukomboa Goa kutoka kwa Wareno. Kijana mrefu alikuja Bombay kwa treni kutoka Calcutta ameacha kazi, Abbas akamuuliza baba yako nani, akataja jina la mshairi Harivansh Rai Bachchan. Abbas anamjua baba. Akakataa kusaini mkataba mpaka mzee aandikiwe na akubali, asije akawa anamtorosha mtoto wa watu. Baba akakubali, kijana akapata rupia 5,000 kwa picha nzima. Picha yenyewe haikuuza.

#21 Dada wa Kisauni

Yaani amtoa Amitabh na bado hakupata kitu. Ya Rabbi.

#22 Fundi Rili

Nimerudi. Msomi #15 umeandika vizuri lakini zile picha za mastaa wanne nakwambia hata hizo mimi sikuzibeba. Narudia palepale, anaeamua ni mwenye hela ya kopi.

Halafu mnasema dunia nzima, Urusi walikua na mtu mmoja tu wa kuagiza, serikali. Ikiagiza Awara basi Awara inakwenda kila kijiji.

#23 msomi_wa_sinema

Fundi hapo ni kweli, Awara ilipofika Sovieti 1954 waliikata tiketi kama milioni 64. Lakini Abbas alikuwa anapendwa na Wasovieti yeye mwenyewe, mpaka 1957 wakatengeneza nae Pardesi kwa ubia, kuhusu mfanyabiashara Mrusi Afanasy Nikitin aliefika India karne ya 15, yeye na Vasili Pronin wakiongoza pamoja. Mwenye hela ya kopi alikuwa upande wake. Na bado ukimuuliza Mrusi mzee atakuimbia Awara, hatakuimbia Pardesi.

#24 Fundi Rili

Haya hilo sina jibu lake.

#25 Otis_Eastlands

Labda hakuna mtu mmoja anaitwa Abbas hapa. Kuna wa Awara alikua na miaka 37, hasira ya kugawanywa kwa India bado mbichi, watu wamefukuzwa kwa sababu ya walikozaliwa, na yeye kwao Panipat ndugu zake waliondolewa. Unaandika damu haifanyi mtu wakati kama huo, unaandika na moto. Ukifika 1965 unaandika wazo lilelile na kumbukumbu ya moto. Mimi sijui, ni vile naona kwa kazi yangu, kuna hadithi moja mtu amepewa.

#26 Mpwani wa Muscat

Ya bomba ni 1963 Otis. Na ile ilikuwa na moto.

#27 Wakili_Kijana

Na Bobby 1973. Hesabu yako haikai.

#28 Otis_Eastlands

Sawa, nimesikia, niacheni nifikirie.

#29 MjukuuWaKarani

Wakuu asanteni wote, sikutegemea uzi ufike huku. Jana usiku nimeiangalia Awara na mama mwanzo mwisho, mara ya kwanza kuiona yote. Nilikua nimekaa kumsubiri yule jaji wa babu. Mama akasimamisha kwenye ile sini ya chapati akaniambia babu yako hakua analia kwa ajili ya mtoto, alikua anamuangalia karani. Nikamuuliza karani gani. Akasema pale mahakamani kuna mtu anaandika chini, haongei, ukiangalia vizuri utamuona.

Nimerudisha nyuma mara tatu. Sijui kama ndo anaemsema, ila kuna mtu amekaa chini ya meza ya jaji ameinamisha kichwa.

Kwa hiyo jaji, Sathe, nyimbo, kopi, hela, miezi mitatu. Sijapata moja. Kandambili bado unasema karatasi tu?

#30 kandambili

Sisemi tena. Ila sijahamia kwa Wakili, alikua anataka kuuza bwana, kila mtu anataka kuonwa.

#31 Bi Mkubwa wa Vuga

Weye Mpwani, hiyo ya bomba inapatikana vipi? Mjukuu ataniwekea kwenye tivi. Iwe na maandishi chini basi, siku hizi Kihindi changu kimebaki cha nyimbo.

#32 Mpwani wa Muscat

Nakuulizia Bi Mkubwa, yule mwenzangu yuko likizo, anarudi mwisho wa mwezi.

#33 Fundi Rili

Na Munna. Mwenye Munna aseme. Nataka nione hiyo isiyo na wimbo watu walikaa vipi.